Modeli Isiyo na Mlango

Profesa Nieves Ayavire alifuta ubao kwa kiwiko,
maana kifutio kilipotea tangu Machi
na yeye si mtu wa kusimamisha mlinganyo akatafute kitambaa.
Antofagasta, saa nne usiku. Kule chini bandarini
treni ya asidi ilikuwa inapiga breki.
"Tazama," aliniambia, "tumeweka kila kitu":
ayoni za shaba zinavyosukumwa na umeme,
zinavyosambaa zenyewe kama uvumi, toka penye wingi hadi penye uchache,
zinavyobebwa na maji yatembeayo.
Sababu tatu za kusafiri. Hakuna ya nne.
Hata binadamu, alisema, hana ya nne.

Nilikuwa nimelikata tangi vipande laki mbili,
wavu wenye macho madogo kingoni, mapana katikati,
na kila kipande kikawauliza majirani zake:
mnanidai nini? nawadai nini?
mpaka hesabu za wote zikakubaliana.
Jibu likatoka safi: bamba la shaba
bapa kama shuka iliyopigwa pasi,
milimita tano na nusu, juu hadi chini.

Lakini jangwani, kiwandani,
ndani ya tangi la mia na kumi na nne,
bamba la kweli liliota chunjua.
Pembe ya chini, mkono wa kushoto:
vinundu vikinyoosha vidole kuielekea risasi
hata vikaigusa, umeme ukapita njia ya mkato,
na shaba ya juma zima ikaharibika.
Tulibadilisha asidi. Tulibadilisha kasi ya maji.
Nilibadilisha hata imani yangu juu ya tarakimu ya nne baada ya nukta.
Chunjua zilijaa kwenye picha, zikakataa kuingia kwenye hesabu.

Jumapili akanichukua Calama, kwa baba yake,
si kwa utafiti; bomba la jikoni lilikuwa linavuja.
Don Hermógenes alitembea juu ya matangi yale miaka thelathini na mmoja,
kwa viatu vya soli nyembamba, kinyume cha sheria,
ili nyayo zimwambie ni upau gani umeshika moto.
Hakutuuliza habari za kazi. Alikuwa anatazama mpira
na kulitukana goti lake.
"La kushoto tu. Hili la kulia ni kijana.
Daktari anasema baridi yabisi. Mimi nasema mlango.
Ule wa kaskazini, zamu ya usiku, haufungiki,
upepo unaingia kama mwenye nyumba."

Nieves aliiachia spana ikaanguka ndani ya beseni.

Nilijua anachowaza kabla hajageuka,
kwani niliandika kwa mkono wangu, ukurasa wa kwanza:
tuchukulie kuwa joto ni lile lile kila mahali.
Nyuzi arobaini na tano. Mstari mmoja.
Niliuandika nikinywa chai, kama mtu aandikavyo tarehe.

Siri ya mtungi aijuaye kata.
Sisi tulikuwa tumeupima mtungi, tumeuchora mtungi,
tumeukokotoa mtungi;
kata imekaa kwenye kochi,
imepandisha suruali, inajipaka mafuta ya kafuri.

Usiku ule tukaongeza mlango.
Si mbao wala bawaba: sharti moja tu la mpakani,
joto linalotoroka kwa ukuta wa kaskazini.
Kompyuta ilikuna kichwa hadi Jumatano.
Kisha pembe ya chini, kushoto, ikaanza kuvimba.

Sijawahi kuona mtu akichekelea chunjua namna ile.

Bado tunakosea kwa asilimia tisa.
Kwenye shukrani za makala, chini ya wafadhili,
aliandika jina la baba yake, akatia koma,
akaongeza: kwa goti.
Mhariri ameandika kuuliza kama ni kosa la chapa.
Barua yake iko mezani, chini ya spana.